Benchi la Nyuma Linaona Nini?

Siku ya Simba na Yanga, Chang'ombe haiulizi tarehe. Tangu asubuhi jezi nyekundu na za njano zimejaa barabarani kuelekea Uwanja wa Benjamin Mkapa, vuvuzela zinalia kabla ya chai, na wasio na tiketi wanaulizana kibanda umiza gani leo kina skrini ya maana. Siku kama hiyo ndipo mjadala huu unapofanyika, barazani kwa duka la steshenari, jirani na Chuo Kikuu Kishiriki cha Elimu, DUCE. Wazungumzaji nimewatunga na majina sikuwapa; kila mmoja anaitwa kwa kazi yake. Vipimo wanavyovitaja ni vya kweli, na msomaji mwenye rula na kikokotoo anaweza kuvikagua.

Aliyeanzisha hoja ni mwenye kibanda, wala hakujua kwamba anaanzisha hoja.

MWENYE KIBANDA: Dada, nichapie tangazo la A3, la rangi. Andika: "Mechi laivu, skrini ya 4K." Hiyo 4K iwe kubwa kuliko maneno mengine yote.

MCHAPAJI: Skrini yenyewe umeshanunua?

MWENYE KIBANDA: Naifuata Kariakoo saa sita. Wateja wamenichosha. Juzi limefungwa goli, kibanda kizima kikagombana nani kafunga, maana namba mgongoni haisomeki. Niliyonayo ni inchi 55, HD kamili. Ina vitone 1,920 kwa upana na 1,080 kwa kimo. Ya 4K ina 3,840 kwa 2,160. Zidisha mwenyewe: milioni 2 na kidogo dhidi ya milioni 8 na ushei. Mara nne! Vitone vingi, picha nzuri. Hapo kuna ubishi?

MCHAPAJI: Kwangu upo, tena mkubwa. Tazama hii. Asubuhi wamekuja watu wamefiwa na bibi yao. Picha pekee waliyonayo ni ya harusi ya mjukuu, imetumwa kwa WhatsApp, imepita simu tatu. Bibi yuko mstari wa nyuma. Wanataka bango la uso wake, likae kwenye turubai kabla ya alasiri. Nimeukata uso, nimehesabu: vitone 180 kutoka kidevuni hadi utosini. Nikiukuza ufike sentimita 90, kila kitone kinakuwa nusu sentimita. Hapo hakuna uso, pana vigae vya bafuni.

MWENYE KIBANDA: Si ndiyo ninachosema? Vitone vichache, picha mbaya. Umeniunga mkono.

MCHAPAJI: Ngoja, sijamaliza. Uso huo huo nikiuchapa mdogo kama paspoti, hakuna atakayelalamika sana. Paspoti saizi ya kawaida ni sentimita 3.5 kwa 4.5. Tunaichapa kwa vitone 300 kila inchi, kwa hiyo picha nzima inataka vitone 413 kwa 531. Zidisha: laki mbili na elfu kumi na tisa. Haifiki hata robo ya megapikseli, na ndiyo picha inayokuvusha mpaka wa Namanga. Wanaokuja hapa na simu za megapikseli 50 kupiga paspoti wanabeba gunia la mchele kwenda kupika kikombe kimoja.

Mzee wa studio alikuwa amekaa pembeni na kahawa yake, kofia ya viua kichwani. Amepiga picha tangu enzi za mkanda, na siku hizi huja dukani hapo kutazama vijana wakikosea. Alikohoa kidogo, na barazani kikohozi cha mzee ni ombi la nafasi. Aliyemjibu ni mwanachuo wa hapo jirani.

MZEE WA STUDIO: Nyote wawili mnahesabu mbegu kabla ya kutazama udongo. Hiyo simu ya megapikseli 50, lenzi yake ina ukubwa gani?

MWANACHUO: Kama punje ya dengu, mzee. Shikamoo.

MZEE WA STUDIO: Marahaba. Sasa punje ya dengu itapitisha nini? Sisi tulikuwa na mkanda wa milimita 35, hakuna aliyetuuliza una vitone vingapi. Tuliulizana lenzi gani, mwanga ulitoka wapi, na mkono wako ulitulia? Nenda Mji Mkongwe, Unguja, pale Capital Art Studio aliyoianzisha Ranchhod Oza mwaka 1930. Hakuna pikseli hata moja kwenye negativu zile, na watu bado wanapanda boti kwenda kutazama picha zake.

MWANACHUO: Fizikia iko upande wako, mzee. Mwanga ukipita tundu dogo hausimami kwenye nukta moja, unatanuka na kufanya duara. Kwa lenzi ya simu nyingi, duara hilo lina upana wa zaidi kidogo ya mikroni 2. Pikseli za kihisio chake zina mikroni 1, au chini ya hapo. Kwa hiyo nukta moja ya mwanga inamwagikia pikseli kadhaa kwa pamoja. Ndiyo maana simu nyingi za megapikseli 50 hazikupi 50; zinachanganya pikseli nne kuwa moja na kukukabidhi 12.5. Namba ya kwenye boksi ni ya boksi.

MZEE WA STUDIO: Umesikia?

MWANACHUO: Ila mzee, mkanda nao una chembe za fedha, na chembe zina ukubwa wake. Kukosa pikseli si kukosa mpaka.

Mzee alikunywa kahawa bila kujibu. Wanaomjua walihesabu kwamba hilo ni goli moja kila upande.

Tatizo lingine lilikuwa la lugha. Jambo wanalolizungumza, kwa Kiingereza, lina neno moja, "resolution". Kwa Kiswahili kila mtu pale alikuwa na lake. Mwenye kibanda huliita "vitone", mchapaji huliita "ubora", mzee huliita "usafi wa picha".

MWANACHUO: Mimi niliiuliza mashine ya kutafsiri. Ikanipa "azimio". Eti skrini yenye azimio la juu.

MZEE WA STUDIO: Azimio ninalolijua mimi ni la Arusha, la 1967. Na kata ya Azimio ipo hapa hapa Temeke. Hilo la kwenye televisheni limepitishwa na mkutano gani?

Hapo ndipo aliponyanyua kichwa mama wa maabara. Alikuwa ametoka zamu ya usiku hospitalini, amekuja kutoa kopi za vyeti, na mpaka dakika hiyo alikuwa akiwasikiliza kama mtu anayewasikiliza watoto wakigawana embe.

MAMA WA MAABARA: Neno lipo, wanangu. Upambanuzi. Mimi kazi yangu ni kupambanua. Naletewa damu, natengeneza tone nene na tone jembamba, natia rangi, naweka chini ya hadubini. Chembe nyekundu ya damu ina upana wa mikroni 7 hadi 8. Kidudu cha malaria kikiwa kichanga ni kijipete ndani yake, na ndani ya kijipete kuna nukta. Swali langu halijawahi kuwa "kinaonekana kikubwa kiasi gani". Swali ni moja: hii nukta na ule uchafu wa rangi, ni vitu viwili au kimoja? Nikiweza kuvitenga, mgonjwa anapata dawa. Nisipoweza, naandika uongo.

MWENYE KIBANDA: Si unakikuza tu, mama? Ongeza ukuzaji, kitaonekana.

MAMA WA MAABARA: Hapo ndipo wengi wanapoanguka. Lenzi yangu kubwa inakuza mara 100, kioo cha jicho kinakuza mara 10, jumla 1,000. Nikitoa kioo hicho nikaweka cha 20, napata 2,000. Unadhani naona zaidi? Naona ukungu ule ule, umenenepa. Mjerumani Ernst Abbe alilieleza hilo mwaka 1873: vitu viwili vikikaribiana kuliko takriban nusu ya wimbi la mwanga, hadubini ya mwanga itaviona kimoja. Mpaka uko karibu na mikroni 0.2. Ndiyo sababu tunadondosha mafuta kati ya kioo na lenzi ya 100: mafuta yanakusanya mwanga ambao ungepotelea hewani. Tone la mafuta linanisaidia kuliko kuongeza ukuzaji maradufu.

MCHAPAJI: Kwa hiyo kukuza ni jambo moja, kupambanua ni jingine.

MAMA WA MAABARA: Kukuza ni kunyoosha kitambaa. Nyuzi haziongezeki.

Mchapaji aliutazama tena uso wa bibi kwenye kompyuta. Nyuzi 180, na anatakiwa anyooshe sentimita 90.

MWENYE KIBANDA: Haya, hiyo ni hadubini. Mimi nina mechi saa kumi na moja. Niambieni, 4K ninunue au nisinunue?

MWANACHUO: Benchi lako la mbele liko umbali gani kutoka kwenye skrini, kaka?

MWENYE KIBANDA: Mita 3 hivi. La nyuma kabisa mita 8, limegusa ukuta.

MWANACHUO: Sasa tuipime hadubini ya kila mteja, jicho lake. Mholanzi Herman Snellen alitoa chati yake ya herufi mwaka 1862, na mpaka leo ndiyo mama wa chati zote za kliniki za macho. Jicho zima, lile wanaloliandika 6 kwa 6, linatenganisha nukta mbili zikiwa zimeachana karibu milimita 0.3 kwa kila mita ya umbali. Ukikaa mita 1, 0.3. Mita 3, karibu 0.9. Mita 8, milimita 2.3. Ishike hiyo 0.3, itakuokolea hela.

MWENYE KIBANDA: Nimeishika.

MWANACHUO: Skrini ya inchi 55 ina upana wa sentimita 122. Gawa kwa vitone 1,920. Kila kitone kina milimita 0.63. Mteja wa benchi la mbele anaanza kupambanua kwenye 0.9. Kwa maana hiyo vitone vya skrini uliyonayo ni vidogo tayari kuliko uwezo wa jicho lake. Ili avione kimoja kimoja lazima asogee mpaka mita 2. Ukimletea 4K, kitone kinashuka hadi milimita 0.32, atavipambanua akiwa mita 1 kutoka kwenye kioo. Nani anaangalia mpira mita 1?

MZEE WA STUDIO: Anayetaka kumbusu golikipa.

MCHAPAJI: Na ile 300 yangu ya paspoti nayo inatoka huko huko?

MWANACHUO: Huko huko. Paspoti unaishika sentimita 30 kutoka usoni. Chukua 0.3 mara 0.3, unapata milimita 0.09. Vitone 300 kwenye inchi moja, kila kimoja kina milimita 0.085. Hiyo 300 si ya kichawi, inatoka kwenye umbali kati ya mkono na jicho.

Mwenye kibanda hakufurahi. Alikuja na hoja yenye mara nne, akawa anaona inayeyuka mikononi. Akaishika upya kwa upande wa pili, na haki imtendekee, alishika pazuri.

MWENYE KIBANDA: Kwa maneno yenu vitone havina maana. Basi kwa nini dunia nzima inahangaika navyo? Wanaopiga picha kwa setilaiti, wale wa droni, wote wajinga?

MWANACHUO: Hapana, kaka, hapo umenipata. Hawana ujinga wowote, maana wao wanakuza baadaye, wanakamata kwanza. Chukua uwanja wetu hapa wa Mkapa. Eneo la kuchezea kwa kipimo cha kawaida ni mita 105 kwa 68. Setilaiti za Landsat za sasa zina pikseli ya mita 30 kwa 30. Uwanja ambao jioni ya leo utakuwa na wachezaji 22 unaingia kwenye pikseli 8 tu. Nane! Simba na Yanga wote ni kivuli cha kijani. Sentinel-2 ina pikseli ya mita 10: uwanja unapata pikseli 71. WorldView-3, iliyorushwa 2014, inafika sentimita 31: pikseli elfu 74. Droni yenye pikseli ya sentimita 5: karibu milioni 2.9. Ni uwanja ule ule.

MCHAPAJI: Na tofauti hiyo ina faida gani kwa mtu wa Chang'ombe?

MWANACHUO: Faida ya mafuriko, dada. Mradi wa Ramani Huria ulianza hapa Dar es Salaam mwaka 2015, wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Ardhi wakaingia mitaani pamoja na wakazi, droni zikapiga picha kutoka juu. Kwenye pikseli ya mita 30, mtaa wenye nyumba zilizobanana ni rangi moja tu ya kahawia. Kwenye picha ya droni unaona bati, unaona mfereji, unaona mfereji uliozibwa. Maji ya mvua yanapita kwenye mfereji wa nusu mita. Ramani isiyopambanua nusu mita haijui maji yatakwenda wapi. Zanzibar nao walianza mwaka 2016 kupiga Unguja na Pemba kwa droni kwa sababu kama hizo, kuanzia viwanja hadi mipango ya miji.

MAMA WA MAABARA: Ila usituuzie droni kama yeye alivyotaka kujiuzia 4K. Hiyo Landsat yako butu ilianza lini?

MWANACHUO: Mwaka 1972, mama. Za kwanza zilikuwa butu zaidi, karibu mita 80.

MAMA WA MAABARA: Na inapiga eneo la upana gani kwa mpigo mmoja?

MWANACHUO: Kilometa 185. Na inarudi juu ya sehemu ile ile kila baada ya siku 16.

MAMA WA MAABARA: Basi droni yako iniambie Dar es Salaam ilikuwa imeishia wapi mwaka 1975. Haiwezi, haikuwepo. Ile butu inajua, maana imetazama nusu karne, mji wote kwa pamoja. Maabara ni hivyo hivyo. Lenzi ya 100 inaona kidudu, lakini inaona sehemu ndogo mno ya kioo. Ningeanza nayo kutafuta tatizo kwenye kioo kizima ningekesha. Naanza na lenzi ndogo, naona ramani, ndipo nashuka. Ukitaka kuona kidogo sana utaona pembamba sana. Hakuna jicho linalopewa vyote.

Hili mwanachuo aliliandika kwenye daftari. Mwenye kibanda hakuandika, lakini aliacha kuangalia saa.

MWENYE KIBANDA: Bado hamjanijibu. Kama HD inatosha jicho la benchi la mbele, kwa nini hata la mbele hawasomi namba?

Kimya kidogo. Lilikuwa swali zuri kuliko yote ya asubuhi ile, na limetoka kwa mtu aliyekuwa akishindwa.

MZEE WA STUDIO: Picha haitoki kwenye skrini, mwanangu. Inapita tu hapo. Imetoka kwenye lenzi ya kamera uwanjani, ikaingia kwenye gari la matangazo, ikabanwa, ikarushwa, ikatua kwenye dishi lako. Kila kituo kinaweza kuinyima kitu, na hakuna kituo kinachoweza kurudisha kilichonyimwa nyuma yake. Ni kama maji ya bomba. Weka tangi la lita elfu tano juu ya dari, koki za dhahabu bafuni. Kama bomba linaloingia ni la nusu inchi, utaoga maji ya nusu inchi.

MWANACHUO: Kaka, king'amuzi chako ni cha HD?

MWENYE KIBANDA: Cha HD, nimelipia. Tangu walipozima analojia hapa Dar, tarehe 31 Desemba 2012, sijawahi kukaa bila king'amuzi.

MWANACHUO: Kutoka kwenye king'amuzi kwenda kwenye TV umetumia waya gani?

MWENYE KIBANDA: Ule wenye vichwa vitatu. Nyekundu, nyeupe, njano.

Mwanachuo alicheka, akaomba radhi, akacheka tena.

MWENYE KIBANDA: Mbona unacheka, dogo? Fundi ndiye aliyeuweka. Ule wa HDMI ulikuwa mfupi, umebaki kwenye boksi.

MWANACHUO: Huo wa njano umetengenezwa kwa picha za zamani. Kwa mfumo wetu unapitisha picha ya 720 kwa 576. Zidisha: vitone 414,720. HD kamili ni 2,073,600. Gawa, kaka.

MWENYE KIBANDA: Tano. Tano kamili!

MWANACHUO: Umelipia vitone vitano, unapitisha kimoja, skrini inakinyoosha kama kitambaa. Sasa iangalie namba mgongoni. Tuseme kamera inaonesha mita 50 za uwanja kwa upana, na tarakimu moja ina upana wa sentimita 15. Kwa HD, kila kitone kinabeba sentimita 2.6, hivyo tarakimu inapata vitone 6 hivi kwa upana. Hapo 3 na 8 ni watu wawili. Kwa waya wa njano kila kitone kinabeba sentimita 7: tarakimu inapata vitone 2. Kwa vitone viwili chora 3, halafu chora 8, unioneshe tofauti.

MCHAPAJI: Kibanda kiligombana kwa sababu ya waya wa shilingi elfu chache.

MZEE WA STUDIO: Na alikuwa anakwenda kununua tangi.

MAMA WA MAABARA: King'amuzi, jina lenyewe linatoka kwenye kung'amua. Wewe umekifunga macho halafu unalalamika hakioni.

Ingekuwa hadithi ya kubuni tu, tungeishia hapa, waya ukabadilishwa na watu wakashangilia. Lakini mwanachuo hakuwa amemaliza hesabu, na hesabu iliyobaki haikuwa nzuri kwa walio nyuma.

MWANACHUO: Waya utawasaidia wa mbele. Wa mita 8, siahidi. Kwenye skrini yako, ile tarakimu ya sentimita 15 inatokea na upana wa milimita 3.7. Mtu wa mita 8 anahitaji milimita 2.3 kwa kila nukta. Kwake tarakimu haifiki hata nukta mbili.

MWENYE KIBANDA: Yaani hata nikileta HD, hata 4K...

MWANACHUO: Kwa wale wa nyuma, jicho ndilo waya wa njano.

MWENYE KIBANDA: Na mwisho wa kusoma namba ni wapi?

MWANACHUO: Tarakimu haiandikiki kwa chini ya nukta 3 kwa 5. Hiyo inakupa mita 4. Ukipita hapo, utaijua timu kwa jezi, mchezaji kwa mwendo, na goli kwa kelele. Kinachoweza kuwasaidia ni skrini pana zaidi au benchi kusogea. Vitone hapana.

Mwenye kibanda alipiga hatua nne kwenye vumbi mbele ya duka, akageuka, akatazama tangazo la A3 lililokuwa likimsubiri kwenye kompyuta kama mtu anayepima kibanda chake upya.

Likabaki bango la bibi. Saa zilikuwa zinakwenda, na mchapaji alikuwa na jibu moja mfukoni ambalo halikumpa raha.

MCHAPAJI: Ipo programu ya akili mnemba. Unaipa uso wa vitone 180, inakurudishia wa 1,800. Kope, mikunjo, vinyweleo, vyote. Nimeshaitumia kwenye mabango ya harusi, wateja wanafurahi. Niitumie hapa?

MZEE WA STUDIO: Hizo kope zimetoka wapi?

MCHAPAJI: Imezikisia.

MZEE WA STUDIO: Kwa hiyo si kope za marehemu.

MWANACHUO: Mwaka 2020 watafiti wa Chuo Kikuu cha Duke, Marekani, walitoa programu iitwayo PULSE. Mtu akaipa picha ya Barack Obama iliyopunguzwa vitone mpaka ikawa vigae. Wewe na mimi tukiiona tunajua mara moja ni nani. Baba yake ametoka Kogelo, Kenya. Programu ikamrudisha mzungu. Na kihesabu haikukosea! Nyuso nyingi tofauti ukizipunguza zinatoa vigae vile vile. Programu inachagua uso mmoja kati ya hizo, na inachagua kwa mazoea ya nyuso ilizofundishwa.

MCHAPAJI: Lakini hawa hawatambui mhalifu, wanamuaga mtu wao. Watu wamefiwa, nikiwaletea vigae nawaongezea uchungu. Wakiona uso laini watafarijika. Ubaya uko wapi?

MAMA WA MAABARA: Mimi nisipoona nukta siichori ili mgonjwa afarijike.

MCHAPAJI: Mama, hii si maabara. Hata mzee hapa, enzi zake, alikuwa anagusagusa negativu kwa penseli, anaondoa chunusi za bibi harusi. Kweli si kweli?

MZEE WA STUDIO: Kweli. Niliondoa. Chunusi ni mgeni, atakwenda zake. Kumuwekea mtu macho ambayo si yake sikuwahi.

MCHAPAJI: Mpaka wenyewe uko wapi, kati ya chunusi na jicho?

Hakuna aliyemjibu, na mimi niliyewatunga sina jibu la kuwawekea mdomoni. Mchapaji ana hoja: faraja nayo ni kazi ya picha. Mzee naye ana hoja: wajukuu watakaokuwa watu wazima miaka ishirini ijayo watalitazama bango hilo na kusema bibi alikuwa hivi. Ninachokijua ni kidogo zaidi: picha iliyokisiwa isemwe kuwa imekisiwa, na wenyewe wafiwa ndio waulizwe.

Njia ya tatu aliileta mwenye kibanda, ambaye ile 0.3 aliishika kweli.

MWENYE KIBANDA: Dada, ulisema kila kitone kitakuwa nusu sentimita. Hizo ni milimita 5. Gawa kwa 0.3. Inakuja mita 16, 17. Turubai lao lina urefu gani?

MCHAPAJI: Limekula barabara nzima. Mita 20.

MWENYE KIBANDA: Basi bango lisikae pale watu wanapopita kusalimia. Likae mwisho kabisa wa turubai, ng'ambo ya viti. Mtu akiingia mlangoni, akiwa mita 17, vigae vimeshamezana. Ataona uso.

MWANACHUO: Uso wa vitone 180, si zaidi. Lakini ni wake.

MCHAPAJI: Na mezani niwawekee ile ndogo, ya kushika mkononi.

Alimpigia simu binti wa marehemu, akamweleza mambo yote matatu: ya kukisia, ya kuning'iniza mbali, na ndogo ya mkononi. Binti akachagua ya mbali na ya mkononi. Mashine ikaanza kulia.

Kwa hiyo asubuhi moja, baraza moja, umbali uliwanyima namba watu wa benchi la nyuma na ukamrudishia bibi uso wake. Kitone hakikubadilika. Aliyebadilika ni mtazamaji na mahali alipokaa, pamoja na kile anachotaka kukipambanua: 3 na 8, kidudu na uchafu, mfereji na njia, bibi na mtu mwingine. Asiyeuliza hayo kwanza atanunua mara nne ya asichoweza kuona.

MCHAPAJI: Na tangazo lako je? Bado niandike 4K?

MWENYE KIBANDA: Futa. Andika: "Ndani ya mita 4, shilingi 1,000. Nyuma ya hapo, 500."

MZEE WA STUDIO: Na wa nyuma wakiuliza kwa nini?

MWENYE KIBANDA: Nitawaambia benchi la mbele wanalipia namba. Wao wanalipia kelele.

Akachukua tangazo lake, akaondoka, akarudi mbio kutoka kwenye kona. Alikuwa amesahau kuuliza waya wa HDMI wa mita 5 unauzwa duka gani.